Jina la Mwanamke na Maana Yake: Mambo Matatu Yanayochanganywa

Kila baada ya muda huzuka kwenye simu orodha mpya ya "maana ya jina lako". Anayeitwa Maria akiitafuta, orodha ya kwanza inamwambia maana yake ni "mpendwa". Ya pili inasema "uchungu", ya tatu "uasi", ya nne "nyota ya bahari". Zote zimeandikwa kwa uhakika uleule. Wapo wanaocheka na kusonga mbele, lakini wapo pia wanaoingiwa na hofu hadi kuuliza kama wabadilishe jina walilolelewa nalo, eti kwa sababu linamaanisha jambo baya. Hofu hiyo haina msingi, na inafaa tuone ni kwa nini.

Tatizo ni kwamba tukisema "maana ya jina" tunataja mambo matatu kwa mkupuo. La kwanza ni asili, yaani neno ambalo jina lilitokana nalo, na lugha ya neno hilo. La pili ni sababu: kwa nini mtoto huyu, katika nyumba hii, alipewa jina hili na si lingine. La tatu ni taswira, yaani kile kinachowajia watu akilini wanapolisikia. Mambo haya matatu yanaweza kukaa pamoja, na yanaweza kuachana kabisa. Orodha za mtandaoni hutoa asili peke yake, mara nyingi kwa makosa, kisha huichukulia kana kwamba ndiyo sababu na ndiyo taswira.

Tuanze na majina yaliyo wazi

Rahisi kuelewa ni yale majina ambayo lugha yake bado inazungumzwa na wanaoyatumia. Kwa Wajaluo, Akinyi ni msichana wa asubuhi, Achieng' ni wa jua la mchana, Adhiambo wa jioni, Atieno wa usiku. Waakan wa Ghana hutazama siku badala ya saa: Abena ni wa Jumanne, Akua wa Jumatano, Yaa wa Alhamisi, Afua wa Ijumaa. Mwajuma ana Ijumaa yake ndani ya jina, Mwanaidi ana Idi yake. Waganda humwita pacha wa kike anayetangulia Babirye, na anayemfuata Nakato. Wayoruba wana Yetunde, "mama amerudi", jina la binti anayezaliwa baada ya bibi yake kufariki. Wazulu wana Sibongile, jina la shukrani, na Nomvula, aliyekuja na mvua.

Hapa asili na sababu zinakaa chumba kimoja. Ukijua neno, umejua kisa.

Lakini hata hapa usiharakishe. Kwa desturi ya Wakikuyu, binti wa kwanza huitwa kwa jina la mama wa baba yake, na wa pili kwa jina la mama wa mama yake. Jina Nyambura lina neno la mvua ndani yake, ila Nyambura wa leo huenda alizaliwa kiangazi kikiwa kimekaza. Aliitwa hivyo kwa sababu bibi yake aliitwa hivyo, na bibi alirithi kwa bibi yake, kurudi nyuma hadi kwenye simulizi ya mabinti wa Mumbi ambao koo za Wakikuyu zinahesabiwa kutoka kwao. Ukimwambia Nyambura kwamba jina lake ni mvua, umesema kweli kuhusu neno, lakini sababu yake hujaigusa. Sababu ni mtu. Ni bibi.

Wajaluo wanatusaidia kuondoa dhana nyingine, kwamba jina la mwanamke ni jina la mwanamume lililoongezwa mkia. Atieno ana mwenzake Otieno, na yote mawili yanatoka kwenye usiku uleule. A inamwonyesha msichana na O inamwonyesha mvulana, basi. Hakuna aliyemzaa mwenzake.

Walioishi kwa mkia huo kweli ni Warumi wa kale. Binti wa Kirumi aliitwa kwa jina la ukoo wa baba yake likiwekwa katika umbo la kike: ukoo wa Julius ulitoa Julia, wa Cornelius ulitoa Cornelia, wa Claudius ulitoa Claudia. Shangazi yake Julius Caesar aliitwa Julia. Dada zake wawili wote waliitwa Julia. Binti yake aliitwa Julia. Ilipobidi kuwatofautisha, mmoja aliambiwa mkubwa na mwingine mdogo. Binti wa Cicero aliitwa Tullia kwa kuwa baba yake alikuwa Marcus Tullius Cicero, na hakukuwa na maelezo zaidi ya hayo. Dola iliyohifadhi hotuba za wanaume wake neno kwa neno haikuona haja ya kumpa kila binti jina lake mwenyewe, na jambo hilo huniuma kila ninapokutana nalo. Majina hayo yamefika kwetu kama mapambo, Julia, Emilia, Valeria, Cecilia, na wachache wanaokumbuka kwamba yalikuwa alama za mali ya ukoo.

Neno dogo, mtu mkubwa

Sasa tuje kwenye majina yanayowatisha watu. Claudia hufungamanishwa na neno la Kilatini la kiwete. Cecilia hufungamanishwa na la kipofu. Debora kwa Kiebrania ni nyuki, Sipora ni ndege, Raheli ni kondoo jike, na Hulda ni jina la mnyama mdogo wa mashimoni. Tabitha ni paa, na hili halihitaji hata kamusi, kwa sababu kitabu cha Matendo ya Mitume 9:36 kinalitafsiri palepale: Tabitha kwa Kiaramu, Dorkasi kwa Kigiriki, mnyama yuleyule.

Kwa upande wa Kiarabu, Fatima lina shina la kuachisha mtoto ziwa. Khadija lina shina la kuzaliwa kabla ya wakati, yaani njiti. Orodha nyingi huona haya kuandika hivyo, zikaweka "mwaminifu" au "mwenye heshima". Zimechukua sifa za mtu na kuziandika mahali pa asili ya neno. Mzazi anayemwita binti yake Khadija hafikirii njiti hata kidogo. Anamfikiria Khadija binti Khuwaylid, mfanyabiashara wa Makka, mke wa kwanza wa Mtume Muhammad na wa kwanza kumwamini. Taswira imeifunika asili kabisa, na taswira ndiyo aliyoitaka mzazi. Hali ni hiyohiyo kwa Debora: anayelichagua anamkumbuka nabii na mwamuzi wa Israeli, nyuki hayumo.

Jina linalovuka lugha ni kama sarafu iliyopita mikono mingi. Maandishi yake hufutika, na bado watu huipokea kwa thamani wanayoijua.

Majina yanayosafiri

Hana kwa Kiebrania lina shina la neema. Wagiriki na Warumi waliliita Anna, Wafaransa wakalifanya Anne. Shina lilelile likiunganishwa na jina la Mungu lilitoa Yohana, na kutoka Yohana wakapatikana Joanna, Joan, Jean na Jane. Kwa hiyo Anna na Jane ni ndugu wa damu, ingawa kwa sikio hawafanani. Neema na Grace wana maana ileile lakini si ndugu zao, kwa sababu la kwanza lina shina la Kiarabu na la pili la Kilatini. Tofauti hii, kati ya kuwa na shina moja na kuwa na maana moja, ndiyo inayopotea haraka kuliko zote katika mazungumzo ya majina.

Tazama lulu. Penina ni lulu kwa Kiebrania, Lulu ni lulu kwa Kiarabu, na Margareti ni lulu kwa Kigiriki, neno ambalo yaelekea Wagiriki wenyewe waliliazima kutoka lugha za Uajemi. Mashina matatu, kito kimoja. Margareti nalo likazaa Rita, Greta, Peggy, na Megan wa Wales. Kifaransa kinaliita ua fulani jeupe marguerite, basi Waingereza wengi walioitwa Margaret nyumbani wakaitwa Daisy, jina la ua hilo kwa Kiingereza. Kutoka chaza wa baharini hadi ua la bustanini, na njiani hakuna aliyekosea.

Mfano ninaoupenda zaidi ni wa uhai. Mwanzo 3:20 inasema Adamu alimwita mkewe Hawa kwa kuwa yeye ndiye mama wa wote walio hai. Wayahudi waliotafsiri Torati kwa Kigiriki, karne kadhaa kabla ya Kristo, waliandika Zoe mahali hapo, yaani uhai. Na Aisha kwa Kiarabu ni mwanamke aliye hai. Mama mwenye mabinti watatu, Hawa, Zoe na Aisha, amewapa wote jina moja.

Kisa cha Maria

Turudi kwa Maria na majibu yake manne, kwa sababu kila moja lina historia.

Mwenye jina hilo wa kwanza katika Biblia ni Miriamu, dada yake Musa. Waliotafuta asili ndani ya Kiebrania waliona neno la uchungu na neno la uasi, ambayo yote yanafanana na sehemu ya jina. Wengine wakasema: familia hii iliishi Misri, kwa nini tusitazame Kimisri cha kale? Huko wakakuta neno la kupenda, ndipo likaja "mpendwa". Hakuna lililothibitishwa likayashinda mengine, kwa hiyo orodha yoyote inayokupa jibu moja kwa Maria imekuchagulia yenyewe.

"Nyota ya bahari" ina njia yake. Mtakatifu Yeronimo, aliyetafsiri Biblia kwa Kilatini kati ya karne ya 4 na ya 5, alieleza jina hili kuwa tone la bahari, kwa Kilatini stilla maris. Wataalamu wengi wanaona kwamba katika kunakiliwa kwa mkono irabu moja ilibadilika, stilla ikawa stella, na tone likawa nyota. Sifa hiyo iliwagusa sana mabaharia, wakamtaja Mama wa Yesu kwa jina hilo, na hadi leo yapo makanisa na bandari zenye huduma inayoitwa Stella Maris. Kama ni kosa la mwandishi, limewafariji watu kwa zaidi ya miaka elfu moja. Kama asili ya neno halistahili. Kama taswira, ni la kweli kabisa.

Heshima kwa jina hili ilizaa majina mengine pia. Huko Ireland watu waliliacha umbo la Muire kwa ajili ya Bikira Maria peke yake, na mabinti wakapewa Máire. Hispania mabinti walipewa sifa na mahali pa heshima pa Maria: Pilar, nguzo, Consuelo, faraja, Carmen, kutokana na mlima Karmeli, Dolores, mateso, Mercedes, rehema. Mzazi wa Dolores hakumtakia mwanawe mateso. Alimweka chini ya Maria wa Mateso, mama aliyesimama msalabani. Bila sababu hiyo, asili ya jina ingetuambia uongo.

Na Mercedes si jina la gari alilopewa mtoto. Ni kinyume chake. Mfanyabiashara Emil Jellinek alikuwa na binti, Mercédès, aliyezaliwa mwaka 1889, na mwanzoni mwa karne ya 20 magari ya Daimler aliyokuwa akiyauza yakaitwa kwa jina la binti huyo. Rehema ilitangulia, injini ikafuata.

Sauti moja, asili mbili

Katika kitabu cha Ruthu, Naomi anarudi Bethlehemu akiwa amefiwa na mume na wana wawili, anawaambia wanawake wa mji: "Msiniite Naomi, niiteni Mara." Jina lake lilikuwa na maana ya upendezi, akataka la uchungu. Ni mahali adimu ambapo mwanamke mwenyewe anazungumzia maana ya jina lake. Lakini Wajapani nao wana Naomi, na halina uhusiano wowote na Bethlehemu. Huandikwa kwa alama zinazoweza kusomeka unyofu na uzuri, na mzazi akichagua alama nyingine kwa sauti ileile, maana inabadilika. Kwa Kijapani hutaweza kujua maana ya jina kwa kulisikia tu, ni lazima ulione limeandikwa.

Nadia vivyo hivyo. Kwa Warusi ni kifupi cha Nadezhda, tumaini. Waarabu wana Nadia yao yenye shina jingine kabisa.

Kwetu sisi tunaosoma Kiswahili mtego mkubwa uko kwenye herufi. Kiarabu kina sauti ambazo Kiswahili kimeziunganisha. Chukua Asia, ambalo wengine huandika Asya. Kuna Āsiya, jina ambalo mapokeo ya Kiislamu yanampa mke wa Farao aliyemwokoa Musa, na shina lake hufungamanishwa na kuliwaza na kutibu. Kuna pia ʿĀṣiya, linaloanza kwa herufi ayn na kubeba sad, lenye shina la kuasi, shina lilelile lililotupa neno letu uasi. Imepokewa katika hadithi kwamba Mtume alimbadilisha jina binti wa Umar aliyeitwa hili la pili, akamwita Jamila. Anayesoma hadithi hiyo kwa herufi za Kiswahili anaweza kumwambia dada yake Asia kwamba jina lake lilikataliwa. Halikukataliwa. Ni jina jingine.

Majina hayana dini tangu kuzaliwa

Wengi husema jina fulani ni la Kikristo, jingine la Kiislamu, jingine la kipagani, kana kwamba dini zilikuja na vitabu vya majina. Khadija alikuwa mtu mzima mwenye jina lake kabla ya ufunuo kuanza, karibu mwaka 610. Fibi, mhudumu wa kanisa anayesifiwa na Paulo katika Warumi 16:1, alibeba jina la mungu wa kike wa Wagiriki, na Paulo hakumwambia alibadilishe. Mariamu, mama wa Yesu, ndiye mwanamke pekee aliyetajwa kwa jina ndani ya Kurani, na Sura ya 19 inaitwa kwa jina lake. Wakristo wa Kiarabu wana akina Leila na Samira wengi. Leila ni usiku. Akikutana na Atieno wanaweza kuitana somo kwa maana, kama si kwa sauti.

Lugha hutoa neno, dini humleta mtu aliyelibeba neno hilo kwa namna ya kukumbukwa. Ndivyo jina linavyopata dini.

Vipi kuhusu majina yaliyobuniwa? Jonathan Swift alitengeneza Vanessa kutokana na jina la rafiki yake Esther Vanhomrigh, na likasomwa na umma katika shairi lililochapishwa mwaka 1726. Imogen, lililotoka katika toleo la tamthilia za Shakespeare la mwaka 1623, wataalamu wengi wanaona lilikuwa Innogen, na mchapaji akasoma n mbili kama m moja. Majina yote haya mawili sasa yana wanawake halisi wanaoitika. Ukiambiwa jina la binti yako "halina maana" kwa sababu mama yake alilibuni, jibu ni kwamba lina sababu, na taswira atalitengenezea mwenyewe.

Je, maana hufuata mtu?

Hapa lazima tuwe waangalifu, kwa sababu jibu si "hapana" tu. Claudia haumii kwa sababu ya ukiwete ulio kwenye asili ya jina lake, maana hakuna anayemwita akisikia Kilatini. Asili iliyolala haiumi. Inayouma ni ile ambayo jirani, mwalimu na mwanafunzi mwenzake wote wanaielewa kila wanapolitamka.

China kuna wasichana waliopewa jina Zhaodi, lenye maana ya "mwite mdogo wako wa kiume". Binti anabeba maisha yake yote ombi la mtoto mwingine. Katika jimbo la Maharashtra, India, kuna waliopewa jina Nakusha, "asiyetakiwa", na wazazi waliotarajia mvulana. Hapo asili, sababu na taswira ni kitu kimoja, na zote ziko macho.

Kwa hiyo ukitaka kujua maana ya jina lako, anza na sababu: muulize aliyekuita, au aliyekuwapo. Kisha tafuta umbo la jina katika lugha yake ya kwanza, kwa herufi zake, si kwa tahajia ya huku lilikofikia. Ukikuta kamusi nzuri inasema asili haina uhakika, iamini kuliko orodha inayojua kila kitu. Halafu jiulize: wanaoniita, wanasikia nini? Kama hakuna anayesikia baya, basi baya lililoandikwa kwenye orodha ni habari ya neno la zamani tu, na huna sababu ya kwenda kubadilisha cheti.

Kama wanasikia, kubadilisha ni haki. Oktoba 2011, katika wilaya ya Satara huko Maharashtra, wasichana 285 waliokuwa wakiitwa Nakusha walikusanyika katika hafla ya serikali, wakapokea vyeti vyenye majina mapya waliyojichagulia. Wengine walichukua majina ya miungu wa kike, wengine ya nyota wa filamu. Wote waliondoka na jina ambalo jirani anaweza kulitamka mlangoni bila kusema kwamba binti huyu hakutakiwa.